Ndoto Haina Ukungu

Haya niliyasema mbele ya vijana wanaotengeneza filamu kwa simu na kamera ndogo, hapa Mtwara mjini. Nimeyaandika karibu kama yalivyotoka mdomoni, kwa kuwa wengi waliniomba.

Wazee wangu mliokaa mbele, shikamooni. Ndugu zangu wote, asalaam aleikum, na Tumsifu Yesu Kristo. Itifaki imezingatiwa.

Nianze na kibanda umiza. Mliokulia huku mnakijua: mabati juu, mabenchi ya mbao, televisheni moja imepandishwa juu ya kabati, pazia jeusi mlangoni, na joto la kutosha kuivisha ndizi. Nilikuwa na miaka tisa. Siku hiyo palikuwa na picha la Kichina, la ngumi, na ule mkanda wa video ulikuwa umekwisha kukatika mara nyingi. Mwenye kibanda alikuwa akiuunga kwa selotepu, na kila akiunga, kipande kinambakia mkononi. Basi jamaa anakunywa chai kwa mama yake, kikombe kiko mdomoni, mara yuko juu ya paa, mvua inamwagika, na nguo alizovaa si zile. Wenzangu walipiga kelele wakidai hela yao. Mimi nilinyamaza, moyo unanidunda. Jambo lile nilikuwa nimeshaliona. Nilikuwa naliona kila usiku nikilala.

Nimekuja hapa na neno moja tu, na mtaniwia radhi nikilizunguka. Ndoto haina ukungu.

Tazameni filamu zetu. Mhusika akianza kuota, picha inafifia, moshi unapita, mtu anatokea kwa mbali kavaa nyeupe, sauti inarudi mwangwi kama ya mtu aliye kisimani. Kisha mwotaji anashtuka, anakaa kitandani, jasho linamtoka, nasi tunaambiwa kumbe ilikuwa ndoto. Hebu kila mmoja ajiulize moyoni mwake: mara ya mwisho kuota, uliota moshi? Uliota mtu. Uliota mlango wa nyumba ya bibi yako na kitasa chake kilicholegea. Uliona kila kitu wazi, pengine wazi kuliko unavyoniona mimi hapa. Kilichokuwa kimekwenda upande ni maungio. Ulitoka sebuleni ukajikuta shuleni, na hukushangaa. Uliyekuwa unaongea naye alikuwa mjomba, kisha akawa mwalimu, na mazungumzo hayakukatika.

Mwaka 1953 huko Chicago, watafiti wa usingizi Eugene Aserinsky na Nathaniel Kleitman walitangaza kwamba kuna vipindi vya usiku ambapo macho ya aliyelala hukimbia huku na huku chini ya kope, na ukimwamsha wakati huo mara nyingi atakusimulia ndoto. Mimi naipenda sana picha hiyo. Mtu yuko gizani, kafumba macho, na macho yanatazama. Ndivyo tulivyokuwa kibandani. Na katika sinema ya mkanda wa zamani, picha 24 kila sekunde, baina ya picha na picha mlango wa taa ulifungwa na ukuta ukabaki mweusi. Mtazamaji alikaa gizani muda mrefu kuliko alivyodhani, na akili yake mwenyewe ndiyo iliyoyaunga yale mapengo.

Sasa niwape kisa changu.

Mama yangu alifariki msimu wa korosho. Kama siku arobaini baadaye nilimwota. Amekaa barazani kwetu Mikindani, kwenye kigoda chake, anabangua. Jiwe lipo, kirungu kipo, ungo upo pembeni. Mikono ameipaka jivu, kwa sababu yale mafuta ya ganda la korosho yanababua ngozi, na vidole vyake ni vyeusi kama vilivyokuwa siku zote. Hakuna kilichozidi wala kupungua. Ila bahari ilikuwa imefika ngazi ya pili ya baraza, imetulia kabisa. Nikamuuliza, "Mama, maji yamefikaje hapa?" Hakujibu. Akanipa korosho moja. Ilikuwa ya moto, kama imetoka kwenye bati sasa hivi. Nikaamka kiganja kinaniuma.

Nikasema hii nitaitengeneza filamu. Nikafanya kama nilivyokuwa nimeona wengine wanafanya. Nikamwomba mama mdogo, ndugu wa marehemu wa tumbo moja, akae barazani usiku. Nikawasha vyetezo viwili vya udi, nikafunga karatasi ya buluu kwenye taa, nikamvalisha kanga nyeupe. Nikachukua picha usiku mzima. Nikahariri wiki mbili. Nikamwonyesha.

Aliangalia mpaka mwisho, akaniambia, "Mwanangu, huyu si dada. Huyu mzuka." Kisha akauliza swali ambalo sijaacha kulifikiri hadi leo: "Na jivu liko wapi?"

Nilikuwa nimesahau jivu. Nilihangaika na moshi, nikasahau jivu. Mikono ya mama katika filamu yangu ilikuwa safi kama ya mtu anayekwenda harusini.

Daktari mmoja wa Vienna, Sigmund Freud, alitoa kitabu kuhusu ndoto mwishoni mwa 1899, jalada likiwa na mwaka 1900. Si lazima mkubaliane na yote aliyoyasema, mimi mwenyewe mengine yananishinda. Lakini yapo mawili ambayo mtengeneza filamu hawezi kuyapita. La kwanza, ndoto hubana: watu wawili huwa mmoja, nyumba mbili huwa moja. La pili, ndoto huhamisha uzito. Huzuni ya msiba mzima huondoka kwenye jeneza, ikaenda kukaa kwenye kitu kidogo ambacho mchana hungekijali. Kwangu ilikuwa imekaa kwenye jivu. Ule upande wa nafsi unaofanya kazi bila sisi kuwa na habari nao ulikuwa umeshanichagulia picha, nami nikaibadilisha kwa udi.

Miaka mingi nilidhani nahitaji vifaa. Kilichonifungua ni kuangalia kazi ya mwanamke aliyeitwa Maya Deren. Alizaliwa Kiev mwaka 1917, akahamia Marekani na wazazi wake akiwa mtoto. Mwaka 1943, yeye na mumewe Alexander Hammid walitengeneza filamu ya dakika 14 ndani ya nyumba yao huko Los Angeles, kwa kamera ndogo ya mkanda wa milimita 16. Inaitwa Meshes of the Afternoon. Haina mazungumzo hata neno moja. Ilipotoka haikuwa na sauti kabisa. Muziki wa Teiji Ito uliongezwa mwaka 1959. Mhusika ni yeye mwenyewe Deren.

Vitu vilivyomo vingeenea kwenye kikapu: ua, ufunguo, kisu cha mkate, simu, kioo. Mwanamke anarudi nyumbani, anasinzia kitini, na yale aliyoyaona mlangoni yanaanza kujirudia, kila mara yamekwenda upande kidogo. Ufunguo unatoka mdomoni mwake. Ufunguo uko kiganjani, mara umekuwa kisu. Kuna mtu kavaa nguo nyeusi kama mtawa, ukimtazama usoni unakuta kioo. Na mwanga ni wa mchana, jua la kawaida, vivuli vimekatika ukutani kama vya kwetu saa tisa.

Kuna kipande kimoja nimekitazama nadhani mara mia. Mwanamke anainuka mezani, kisu mkononi, anakwenda kwa yule aliyelala kitini, ambaye ni yeye mwenyewe. Ni hatua chache tu chumbani. Lakini hatua ya kwanza mguu unatua kwenye mchanga wa pwani. Ya pili kwenye majani. Ya tatu kwenye saruji ya njia. Ya nne kwenye zulia. Basi. Mguu uleule, mwendo uleule, na ardhi inabadilika chini yake. Alichokifanya ni kwenda mahali panne na kukata pale mguu unapokuwa hewani, ili unapotua utue kwingine. Jicho linafuata mguu, haliwahi kuuliza. Hatua nne, na umetoka baharini mpaka kwenye kiti cha aliyelala.

Nani hapa hana pwani? Msimbati ipo. Majani ya mashamba ya mikorosho yapo, lami ipo, mkeka upo kwa shangazi. Simu mnazo mifukoni. Nawaombeni mkafanye zoezi hilo wiki hii, kabla ya kuandika skripti yoyote. Mambo matatu yalindwe: mguu uwe uleule upande uleule wa picha, kasi ya hatua isibadilike, na mkato uwe katikati ya mwendo, usisubiri mguu utulie. Ukikata mguu umekwisha tua, mtazamaji ataona umemhamisha. Ukikata ukiwa hewani, atahama mwenyewe.

Baada ya kuelewa hilo nilirudi kwa mama mdogo. Safari hii sikuleta taa. Nilimwomba abangue korosho kama anavyobangua siku zote, avae anachovaa siku zote, na jivu alipake mwenyewe. Nikasubiri bamvua, yale maji makubwa ya mwezi mchanga na mwezi mpevu. Wavuvi wanajua kwamba siku za bamvua huku kwetu maji hujaa alasiri, mnamo saa kumi, na kwa mpiga picha hiyo ni zawadi, kwa sababu jua limeshaanza kulala na maji yako juu. Nyumba ya mama haiko baharini. Lakini mjini Mikindani zipo ngazi za mawe ambazo maji ya bamvua huzifikia. Nikachukua ngazi zile peke yake, maji yakipanda polepole jiwe hadi jiwe. Nikachukua mikono ya mama mdogo kwa karibu sana, kiasi kwamba unaona jivu limeingia kwenye mikunjo ya vidole, na pale jasho lilipopita jivu limechora njia nyembamba. Jiwe linashuka, ganda linapasuka, anapuliza, anatupa kwenye ungo. Halafu nikakata: ganda linaondoka mkononi mwake barazani, linatua kwenye maji. Hakuna kingine. Hakuna moshi hata kidogo.

Alipoona, hakusema kitu. Alifunika mdomo kwa upindo wa kanga.

Kuhusu sauti niseme, kwa sababu filamu zetu nyingi hupoteza ndoto hapo. Tunaweka kinanda cha kutisha, tunamwambia mtazamaji aogope. Jaribuni kuweka sauti ya kweli mahali si pake. Katika filamu yangu jiwe linagonga korosho na mlio unakuja kwa wakati. Pigo la tano mlio umechelewa kidogo, nusu sekunde. Pigo la nane umechelewa sekunde nzima. Kisha jiwe linagonga kimya. Kisha mikono haipo, kuna maji tu, na mlio unaendelea. Djibril Diop Mambéty wa Senegal aliijua siri hiyo: katika Touki Bouki ya mwaka 1973, kijana wa Dakar anaendesha pikipiki yenye pembe za ng'ombe mbele, na wimbo wa Josephine Baker unaoitaja Paris unarudi na kurudi mpaka jina la mji linakuwa kama homa. Ni Mwafrika, alikuwa na umri wa chini ya miaka thelathini, na hakuomba ruhusa kwa mtu.

Na sisi watu wa kusini tuombe ruhusa kwa nani, wakati babu zetu walikwisha kuifanya kazi hii kwa patasi? Angalieni vinyago vya shetani. Husimuliwa kwamba mtindo ule ulianza miaka ya 1950 kwa mchongaji Mmakonde aliyeitwa Samaki Likonkoa: kinyago cha mtu kilimvunjikia mkono, naye hakukitupa, alikiendeleza kikawa kiumbe kingine kisichokuwa na jina. Mnasikia? Kilivunjika, kama ule mkanda wa kibandani, na pale pavunjikapo ndipo pakatoka kitu. Mchongaji wa mpingo huondoa ganda jeupe la nje kwanza, ndipo afike kwenye moyo mweusi, na kuanzia hapo mti wenyewe unamwambia kuna fundo hapa, kuna tundu hapa. Fundo linakuwa jicho. Tundu linakuwa tumbo. Miili miwili inakula kwa mdomo mmoja, na hapo ndipo ninapomkumbuka yule daktari wa Vienna na maneno yake ya kubana.

George Lilanga, mtoto wa kusini huku, aliyezaliwa 1934 na kufariki 2005, alianza na kuchonga, kisha akawahamishia mashetani kwenye karatasi na turubai kwa rangi kali. Wana masikio makubwa, midomo mipana, vidole vichache. Na wanafanya nini? Wanapiga soga. Wanabebana. Wanakunywa. Kila kidole kimechorwa mpaka ukingoni. Hamna ukungu kwa Lilanga. Nikiona kijana wa Newala anatafuta mtandaoni picha za mizimwi ya Ulaya aziweke kwenye filamu yake, roho inaniuma, nasema kweli.

Lakini hapo hapo niweke mpaka. Mapiko, ngoma ya barakoa ya Wamakonde, si pambo la filamu. Jando na unyago si lokesheni. Yapo mambo ambayo tumefundishwa tukaambiwa yabaki pale pale, na kamera haikukabidhiwa ufunguo wa huko. Deren mwenyewe alikwenda Haiti mwaka 1947, akapiga picha nyingi za ngoma na ibada za Vodou, akaandika kitabu. Lakini filamu yenyewe hakuikamilisha mpaka anafariki mwaka 1961. Sijui moyo wake ulimwambia nini. Najua kwamba mimi nikifika kwenye ngoma na kamera, namtafuta mzee mwenye ngoma kwanza, nakaa, namsikiliza, na akisema hapana, naenda nyumbani.

Mtaniuliza: na maana? Mtazamaji ataelewa nini?

Mwaka 1929 vijana wawili wa Kihispania, Luis Buñuel na Salvador Dalí, walisimuliana ndoto. Buñuel alikuwa ameota wingu jembamba linaukata mwezi kama wembe unavyokata jicho. Dalí alikuwa ameota mkono umejaa siafu. Wakaandika filamu fupi kwa sharti moja: lisiingie jambo ambalo akili inaweza kulieleza. Ikionyeshwa kwa mara ya kwanza Paris, Buñuel alisimulia baadaye, alisimama nyuma ya pazia akipiga santuri, mifukoni ana mawe, akitegemea kushambuliwa. Walishangilia.

Mimi sikupigwa mawe. Kituo kimoja cha televisheni kilipenda filamu yangu, kikaniambia kitaionyesha nikiongeza sauti ya msimulizi mwishoni, iseme kwamba kijana alikuwa anaota na mama alikuwa anamuaga. Nilikaa na jambo hilo siku tatu, maana hela nilikuwa naihitaji. Nikakataa. Huku pwani tumelelewa kwamba ndoto nzuri humsimulia anayekupenda, naye atajibu "kheri", na ndoto mbaya huisimulii kabisa. Ile yangu sikujua niiweke upande gani. Ilikuwa nzuri, na iliniumiza. Filamu ilinipa njia ya kumpa mtu mwingine ndoto yangu bila kuisimulia. Ningeongeza yale maneno ningekuwa nimeisimulia, na kila mwana aliyefiwa na mama angeambiwa la kuona badala ya kuona lake.

Wekeni daftari chini ya mto. Ukiamka, usishike simu, usiseme na mtu, andika. Usiandike kisa, kisa utakitunga mwenyewe ukishaamka. Andika vitu: kilikuwa kitu gani, kimewekwa wapi, kilikuwa cha moto au cha baridi, nani alikuwa nacho mkononi. Mwezi mmoja utaona vitu fulani vinarudi. Vile vinavyorudi ndivyo vyako. Wengine kwenu vitakuwa mtumbwi, wengine bomba la gesi linalopita kijijini, wengine sare ya shule.

Nimeongea vya kutosha. Filamu yenyewe ni ya dakika sita, haina msimulizi. Mama mdogo amekuja nami, yuko pale safu ya pili, amevaa kanga ya njano. Mikono yake ndiyo mtakayoiona kwanza. Kijana uliye mlangoni, tafadhali shusha pazia.